Mkono Ulioonja Kwanza

Tangu nirudi sipumui. Mmeniuliza kanisani baada ya misa, mmeniuliza dukani kwa mama Kavira nikinunua sabuni, na mmoja wenu alisimamisha pikipiki katikati ya barabara ili aniulize: "Mama Profesa, kule ulienda kufanya nini tena? Na huyu mama mugeni ulikuja naye, iko nani?" Basi kaeni niwaeleze mara moja, kila mtu asikie habari ileile. Mambo ya visa na tiketi sitayagusa, hata mimi yalinichosha.

Kazi yangu mnaijua, au mnadhani mnaijua. Mimi ni mtoto wa Wagenya, nimezaliwa pale penye maporomoko ya mto, katika ukoo wa wavuvi. Nilisomea desturi za watu, na kwa zaidi ya miaka ishirini nimekuwa nikienda kukaa na watu wa mbali: kwanza wenyeji wa asili wa kaskazini ya Australia, kisha Wamelanesia wa Papua Guinea Mpya, katika kijiji cha vilimani kiitwacho Yamburi. Wazungu walitujia na madaftari yao tangu enzi za babu zangu. Mimi nilichukua daftari langu nikalipeleka upande wa pili wa dunia, na nikisema hivyo najivuna, simwombi mtu radhi.

Safari hii nilibeba kitabu. Kitabu bado, niseme kweli: rundo la kurasa zilizofungwa kwa kamba, kazi yangu yote ya Yamburi, na sura moja ya Australia mwanzoni. Mwanzoni kabisa nilimwahidi Mama Wambi, mama aliyenipokea kule kama mwanawe, kwamba hakuna ukurasa utakaochapwa kabla sijawasomea watu wake kwa sauti na wao wakakubali. Wakikataa, kazi ya maisha yangu inabaki sandukuni. Hilo ndilo nililokwenda kutafuta, ndiyo yao.

Wagenya: furushi la yaya

Kabla ya kuondoka nilikwenda kumuaga kaka yangu mkubwa, yaya Lisungi. Nilimkuta juu ya miti yake katikati ya maji. Mnaijua ile miti, magogo yaliyosimamishwa kwenye mawe na kufungwa kwa kamba za porini, na vikapu vikubwa vya kuvulia vinaning'inia chini yake. Alishuka taratibu, magoti siku hizi hayamtii.

"Bon, Noni. Unaenda tena kuhesabu viazi ya batu?"

"Naenda kuwasomea kitabu chao, yaya."

"Na yetu je? Kitabu yetu iko wapi?"

"Yetu wazungu walishaandika zamani."

Alikamua maji kwenye kaptula yake. Kisha akaingia nyumbani, akatoka na furushi la samaki wa moshi waliofungwa kwa majani, harufu yake mpaka mbu wanakimbia. "Beba hii. Usimupatie mutu wa njiani. Ni ya kule kule, ya wale banakulishaka." Nilisema aksanti, nikalitia kwenye sanduku juu ya kurasa, nikaondoka. Sikuuliza kitu.

Bangoka: siku mbili za kungoja

Kwenye uwanja wa ndege wa Bangoka, ndege haikuja. Mvua, walisema. Siku ya pili jua liliwaka mpaka lami ikanata, ndege bado haikuja, na hakuna aliyetaja mvua tena. Tulikaa nje kwa mama mmoja anayepika pondu, yale majani ya muhogo, na lituma, na lituma yake, jamani, ndizi zimetwangwa mpaka zimekuwa laini kabisa. Nilikula sahani mbili kwa hasira.

Jirani yangu wa benchi alikuwa papa mmoja, mzee wa kutoka Opala, amebeba kuku wawili ndani ya kikapu.

"Mama, unafanya kazi gani?"

Nilimweleza. 

"Donc unaenda kwa batu, unaketi, unaangalia vile banaishi?"

"Naketi, nasikiliza, naandika."

"Na beko wanakuangalia wewe?"

"Wananiangalia sana, papa. Siku za kwanza kijiji kizima kinakuja."

"Hapana. Minasema: beko wanaandika wewe?"

Nilicheka. Nilimwambia hapana, kazi haiendi hivyo. Akatikisa kichwa, akawapa kuku wake maji kwa kifuniko cha chupa, na hakuniuliza kitu kingine mpaka ndege ilipokuja.

Kaskazini ya Australia: kiganja cha shangazi

Baada ya Kinshasa na ndege nyingine tatu nilifika Australia, na hapo furushi la yaya likafunguliwa. Wenzetu wale wanaogopa mbegu na wadudu wa kigeni kuliko sisi tunavyoogopa radi. Binti wa ukaguzi alivaa glovu, akafunua majani, akarudi nyuma hatua moja. Akamwita mwenzake. Mwenzake akamwita mkubwa wao. Waliwageuza samaki mmoja mmoja, wakawachungulia matumboni, nami nimesimama mbele yao kwa saa tatu na kitenge changu kipya. Mwisho mkubwa wao aliniuliza wanapikwaje. Nilimweleza: mawese, pilipili, kitunguu, moto mdogo. Alimeza mate, nilimwona kwa macho yangu, akapiga muhuri.

Nilikaa siku chache kwa shangazi Dulsi. Kule wanawake wazima wote huitwa shangazi, na huyu ndiye aliyenifundisha kazi nilipokuwa msichana mwenye shahada na kiburi. Sura ya kwanza ya kitabu inamhusu yeye na watu wake, kwa hiyo yeye ndiye niliyepaswa kumsomea kwanza. Tulikaa kwenye baraza yake, nikaanza kusoma. Nilipofika katikati ya ukurasa wa pili aliweka kiganja chake juu ya karatasi.

"Huyo usimtaje," alisema. "Amekufa mwaka huu."

Alikuwa kaka yake. Kwao marehemu hatajwi jina mpaka muda wake upite, na picha yake hufunikwa. Jambo hilo nalijua kama ninavyojua jina la baba yangu, lakini habari za msiba zilikuwa hazijanifikia, nami nilikuwa nimelitamka lile jina mara mbili mbele ya dada yake. Nilichukua kalamu nikalifuta palepale, na kila mahali lilipokuwa. Alinitazama nikifuta mpaka mwisho.

"Unajua mambo yetu vizuri," akasema. "Kichwani."

Wakati ule nilidhani ananisifu.

Njia ya Yamburi: udongo ulioporomoka

Papua Guinea Mpya ina milima ambayo Mungu aliikunja akasahau kuinyoosha. Ndege ndogo ilitushusha mjini, tukapanda lori la mizigo, na kabla ya adhuhuri tukakuta nusu ya kilima imelala barabarani. Dereva alizima injini akalala. Abiria walishuka, wakawasha moto, wakatoa viazi vikuu na kuvichoma kando ya barabara. Hakuna aliyelalamika ila mimi, na mimi nililalamika kwa watu wote.

Mama mmoja mwenye mtoto mgongoni alinipa popoo na chokaa, ile ya kutafuna inayofanya mate kuwa mekundu. Nikatafuna kwa adabu kama ninavyotafuna kola kwetu, kichwa kikazunguka, nikatema kwenye kitenge changu kipya. Walicheka mpaka dereva akaamka. Basi nikawa mtu wao: walinibebea sanduku juu ya udongo ule wa kilima, mwanamume mmoja mbele, mmoja nyuma, na mimi katikati napiga kelele, "Taratibu, kuna kitabu!" Tulifika Yamburi kesho yake mchana kwa miguu. Mama Wambi alinishika uso kwa mikono yote miwili akalia, nami nikalia. Amekuwa mdogo, jamani. Zamani alikuwa ananipita kimo.

Yamburi: siku ya kusoma

Hapa nisikilizeni vizuri. Watu wa Yamburi wana desturi moja inayoshikilia maisha yao yote: hakuna mtu anayekula chake. Kiazi ulichokilima hukili, nguruwe uliyemfuga humli. Unampa mwenzako, naye anakupa cha kwake. Shibe yako iko mkononi mwa mwenzako, na yake iko mkononi mwako. Anayekula chake mwenyewe ametangaza mbele ya watu kwamba hamhitaji mtu wala hamwamini mtu, na hakuna tusi kubwa kuliko hilo. Nimeandika sura nzima juu yake, sura ya tatu. Ni sura nzuri kuliko zote, naweza kuwasomea bila kutazama.

Siku ya kusoma walikusanyika wote uwanjani asubuhi. Mzee Kumbali, mkuu wa ukoo, ndiye aliyekuwa wa kusema ndiyo au hapana. Nilitaka kuanza kwa heshima, kwa hiyo nilikuwa nimepika samaki wa yaya kwa tui la nazi. Nilimwekea mzee sahani mbele yake kwa mikono miwili, nimepiga goti. Macho yote yako kwangu. Na mkono wangu, mkono huuhuu, ukamega kipande cha samaki kutoka kwenye sahani ya mzee, ukakitia kinywani mwangu.

Nilikuwa nimeshameza ndipo nikaelewa nilichofanya.

 Mzee Kumbali aliitazama sahani, akanitazama mimi, akapangusa mikono yake kwa jani ingawa hakuwa amegusa kitu, akasimama, akaenda zake. Wengine wakamfuata, mmoja mmoja. Nilibaki na kurasa zangu mapajani na sufuria imejaa. Aibu ilinishika mpaka masikio yakawaka moto. Miaka ishirini! Mimi mwenye sura ya tatu! Nilitaka ardhi inimeze na kitabu changu, nami ningeisaidia kuchimba.

Mama Wambi alibaki ameketi.

"Unaijua desturi," alisema.

"Naijua, mama."

"Basi mkono wako umefanya nini?"

Sikuwa nimewahi kujiuliza. Kisha nikamweleza jambo ambalo ninyi nyote mnalifanya kila siku bila kufikiri. Kwetu anayetoa chakula au kinywaji huonja kwanza mbele ya mgeni. Anasema kwa kitendo: humu hakuna sumu, na kama kifo kimo, kianze na mimi. Bibi yangu alionja, mama yangu alionja, na mimi nikiwa na hofu ya siku kubwa mkono ulikwenda nyumbani peke yake.

 Mama Wambi akaanza kucheka, akacheka mpaka akashika mbavu.

"Kumbe na ninyi mna desturi!" akasema. "Miaka yote hii, nilidhani ninyi mna maswali tu."

Yamburi: jibu la mzee Kumbali

Alinishika mkono akanipeleka kwa mzee, akamweleza yeye mwenyewe, nami nimeinamisha kichwa. Mzee Kumbali aliuliza mara tatu: kianze na mimi? Ndivyo wanavyosema? Mara ya tatu akaomba sahani ya samaki. Akala wote, akanyonya mifupa, akaagiza watu waitwe.

Nilisoma kwa siku tano. Walinikatiza, walinisahihisha, walibishana wao kwa wao juu ya ng'ombe wa misheni aliyekufa kabla hata sijazaliwa. Mahali pengine walilia. Niliposoma sura ya tatu nilisikia watu wakisema, "Eee, ndivyo," na moyo wangu ulijaa. Ndugu zangu, wapo maprofesa waliopigiwa makofi kwenye kumbi za Ulaya. Mimi nimeambiwa "ndivyo" na wenyewe, na sibadilishani na yeyote.

Siku ya sita mzee Kumbali akasimama. Nawapa maneno yake kwa Kiswahili chetu.

"Kitabu ni kizuri. Maneno ni yetu, umeyapika wewe, na ndivyo inavyopasa, hakuna anayekula chake. Lakini tumekulisha habari zetu miaka mingi. Unajua nani alimwoa nani, nani alimlaani nani, bibi yangu alizikwa wapi. Sisi tulikuwa hatujui hata kwa nini mkono wako unaonja kwanza. Mtu anayepokea tu, asiyetoa chake kiliwe, wewe umemwitaje kitabuni?"

Nililijua jina hilo. Limo sura ya tatu, nalo ni tusi. 

"Kwa hiyo kurasa hizi zitakaa nyumbani kwangu," alisema. "Rosina binti Wambi ni mwalimu, anajua kuandika. Atakwenda kwenu, atakaa, atauliza, ataandika. Akirudi akitusomea, vitabu viwili vitatoka siku moja. Tumekubali."

Mnataka ukweli? Kwanza nilikasirika. Mimi, Profesa, nichunguzwe? Na kitabu changu kingoje tena, na magoti haya yanaanza kufanana na ya yaya? Nikasema kwa haraka kwamba habari za Wagenya nazijua, ningeweza kuziandika mwenyewe nikarudi nazo. Uwanja mzima ukaguna kwa kunionea huruma. Mama Wambi akanivuta kitenge, akaninong'oneza: "Unataka kula chako tena?"

Nikaketi.

Kurudi: Rosina na daftari

Basi huyo ndiye mama mgeni mnayemuuliza. Amevumilia ndege zote bila kufumba macho. Kinshasa aliigeuza kwanga, ule mkate wa muhogo, mkononi kama mtu anayenunua sabuni, akaandika mistari kumi kabla ya kuonja. Njia nzima alikuwa ananiuliza: kwa nini yule amekuita mama na hamjuani? Kwa nini huyu anasalimia kwa kugonganisha paji la uso? Nilimjibu la kwanza, nikamjibu la pili, la tatu akafunga daftari.

"Wewe utanitafsiria tu," alisema. "Majibu nitayapata kwa wengine."

Yaya Lisungi alitupokea Jumamosi. Alikuwa amevaa shati la harusi. Aliweka sahani ya samaki mbele ya Rosina, akamega, akaonja. Nilimwona Rosina akishtuka, mkono umerudi kifuani, na hapo nilielewa nilivyowatendea watu uwanjani siku ile. Kisha akavuta pumzi, akala, akaandika. Yaya akaniuliza, "Anaandika nini? Samaki iko mubaya?" Nikamwambia anaandika yeye. Alijinyoosha kwenye kiti mpaka vifungo vya shati vikalalamika.

Baada ya kula tulitoka kwenye mawe. Rosina aliitazama miti majini kwa muda, akaanza swali lake la kwanza: kila mti una mwenyewe? Yaya akaonyesha kwa kidole. Ule wa tonton fulani, mjomba wetu, ule wa watoto wa fulani, ule wake mwenyewe, ule wa mwanawe. Nilitafsiri. Yote hayo nilikuwa nayajua, nikawa nimeanza kuchoka.

"Na ule wa pembeni, uliosimama peke yake?" Rosina aliuliza.

Ule ni wa marehemu baba. Nimejua hivyo maisha yangu yote, na nilishafungua mdomo kujibu. Rosina akaninyooshea kalamu. Basi nikatafsiri swali.

Yaya alikohoa.

"Ule iko wa leki yangu, mudogo yangu. Wa huyu." Akanionyesha mimi. "Siku alienda kusoma, baba alikuwa amekufa, nikasema: mutoto akikosa njia kule, arudi akute nafasi yake kwa mayi. Bazee bakakasirika, banasema mwanamuke hana muti kwa mayi. Nikabaambia, huyu iko nao. Mayi ikijaa inaubebaka. Kila mwaka inaubeba, kila mwaka ninausimamisha tena. Hata ile samaki alipelekea batu yake, ilitoka pale."

Maporomoko yana kelele, mnayajua, lakini nilisikia kila neno.

"Yaya, mbona hukuniambia?"

"Haukuniulizaka."

Rosina alikuwa anangoja tafsiri yake. Nilimpa yote, neno kwa neno, machozi yanashuka, na sikuongeza langu hata moja. Aliandika polepole. Akageuza ukurasa, akauliza jina kamili la mwenye mti linaandikwaje, nami nikamtajia herufi moja moja.